POSHO YA WAZEE WETU SI SADAKA

Ndugu wafanya kazi,

Nimeomba nafasi katika gazeti letu hili nipate kusema juu ya jambo ambalo wengi wetu hulisema kwa kunong'ona. Jambo lenyewe ni zile fedha ambazo Serikali huwapa wazee ili wapate kununua chakula. Watu huziita pesa za wazee, na mpango wenyewe huitwa Inua Jamii. Mimi si kiongozi wa chama, wala si mtu wa elimu kubwa. Nilisoma shule ya misheni mpaka darasa la nane, kisha nikaingia kazi ya njia ya reli. Lakini jambo hili limenipata mwenyewe, na kosa lilikuwa langu. Kwa hivyo naona nina ruhusa ya kulisema.

Siku moja wakati wa chai gengi letu lilikuwa limekaa kando ya njia. Mwenzetu mmoja akamwomba nyapara ruhusa ya siku moja ili ampeleke baba yake kuchukua pesa hizo. Wengine wakamcheka. Mmoja akasema, "Wewe una mshahara wa kila mwezi, na baba yako anakula kwa Serikali kama yatima?" Yule ndugu akainamisha kichwa wala hakujibu. Mimi nami sikusema neno, ingawa nilijua la kusema. Kunyamaza kwangu kumenisumbua tangu siku hiyo, na ndiyo sababu nimeshika kalamu.

Ndugu zangu, nataka niwaambie kwamba mimi nilikuwa mmoja wa wanaocheka.

Mwaka 2017 Serikali ilitangaza kwamba wazee wote waliotimiza miaka 70, na ambao hawapati pensheni, waandikishwe. Kabla ya hapo mpango ulikuwa wa wazee maskini kabisa wa miaka 65 na zaidi, ambao walichaguliwa mmoja mmoja kijijini. Safari hii ilisemwa ni wote. Mama yangu alikuwa ametimiza miaka 70 mwaka huo huo. Mzee wa mtaa akapita nyumbani akamwambia aende barazani na kitambulisho chake. Mama akanipigia simu kuniuliza, maana mimi ni kitinda mimba wake na ndiye ninayemtumia matumizi. Nikamjibu kwa ukali: "Mama, usiende kupanga mstari huko. Watu watasema mwanao wa reli ameshindwa kukulisha." Mama akasema, "Haya, baba." Hakuongeza neno. Siku ya kuandikishwa ikapita, na yeye akakaa nyumbani akichambua maharagwe.

Mwaka 2020 ukaja ugonjwa wa korona. Treni za abiria zikasimamishwa kwa muda, na kwetu sisi ovataimu ikakatwa. Ninyi mnajua mshahara wa mtu wa gengi ni kitu gani ukiondoa ovataimu. Kodi ya nyumba haikupungua, na watoto walikuwa nyumbani mchana kutwa wakila. Nikawa namtumia mama nusu ya nilichokuwa nikimtumia, na miezi miwili sikumtumia kitu. Kila nilipompigia simu alisema, "Tuko salama, usijisumbue."

Njia zilipofunguliwa nikaenda nyumbani. Kuku wote walikuwa wameuzwa. Jikoni nilikuta sufuria moja ya uji, na nikafahamu kwamba uji ule ndio ulikuwa chakula cha asubuhi na cha jioni. Lakini pembeni palikuwa na mfuko wa unga wa mahindi, karibu kilo mbili. Nikauliza umetoka wapi. Mama hakutaka kusema. Mwishowe akaniambia kwamba jirani yetu, mama wa rika lake, alikuwa akimgawia unga kila alipopata pesa zake za wazee. Jirani huyo ndiye niliyemcheka mwaka 2017 alipokwenda barazani.

Basi mama yangu alikuwa akila pesa ile ile niliyomkataza. Tofauti ni kwamba aliila kupitia mkono wa jirani, na jirani alikuwa akijinyima ili yeye ale. Hiyo ndiyo heshima niliyokuwa naipigania.

Nilipokwenda kumwuliza naibu wa chifu, niliambiwa kwamba kitabu kimekwisha fungwa, na kwamba tungoje mpaka Serikali ifungue tena. Tulingoja. Mama akaandikwa mwaka 2024. Tangu 2017 ni miaka saba. Hesabuni wenyewe shilingi 2,000 kila mwezi kwa miaka sita tu, mtapata shilingi 144,000. Hizo ndizo nilizomnyima mama yangu kwa neno moja la majivuno kwenye simu.

Sasa nataka kujibu yale tunayoyasema wakati wa chai.

La kwanza, husemwa kwamba hiyo ni sadaka. Mimi nasema si sadaka. Katiba yetu ya mwaka 2010, kifungu cha 43, yasema kila mtu ana haki ya kutokuwa na njaa na ya kupata chakula cha kutosha. Kifungu hicho hicho chasema Serikali itawapa msaada watu wasioweza kujitegemea wao na wanaowategemea. Sadaka mtu hukupa akipenda, na akikunyima huna pa kushtaki. Haki iliyoandikwa ni kitu kingine.

Tena, fedha hizo si za mtu mmoja mkubwa aliyezitoa mfukoni mwake. Kila mwisho wa mwezi mimi na wewe tunakatwa kodi kabla hatujauona mshahara. Mama kijijini naye hulipa kodi anaponunua sabuni na mafuta ya taa, nayo imefichwa ndani ya bei, wala hakuna anayemshukuru. Amelipa maisha yake yote. Akirudishiwa kidogo uzeeni, nani amempa sadaka?

La pili, husemwa kwamba kumlisha mzazi ni kazi ya mtoto, si kazi ya Serikali. Neno hili lina ukweli, na ndilo lililonidanganya mimi. Lakini someni Katiba hiyo hiyo, kifungu cha 57, ambacho ni cha wazee. Chasema wazee wana haki ya kupata utunzaji na msaada ufaao kutoka kwa jamaa zao na kutoka kwa Serikali. Hakikusema jamaa au Serikali. Kimesema wote wawili. Mzigo wa taruma hubebwa na watu wengi, na hakuna mtu wa gengi anayeona haya kwa sababu mwenzake ameshika upande wa pili. Mbona tuone haya katika mzigo huu?

Tena, mimi sikuacha kumtumia mama pesa alipoandikwa. Pesa yangu sasa inanunua dawa na kulipa mtu wa kumlimia, na ile nyingine inanunua unga. Mtoto anayeacha kumtunza mzazi kwa sababu Serikali imempa shilingi 2,000 alikuwa anatafuta sababu tu.

La tatu, wako wanaokumbuka habari za chakula cha njaa, na aibu yao yatoka huko. Mama hunisimulia ukame wa mwaka 1984, mahindi ya manjano yalipoletwa kutoka ng'ambo, na watu wakapanga mstari na magunia, na waliokula wakachekwa. Hata leo wazee wengi wakisikia neno msaada wanaona yale mahindi. Lakini chakula cha njaa huja wakati wa shida na kuondoka. Hutolewa na aliye nacho, na hugawanywa kama apendavyo mgawaji. Pesa hizi zatakiwa ziwe za kila mwezi, kwa jina la mzee mwenyewe, na mzee hununua apendacho, unga au sukari au samaki. Hakuna anayemchagulia. Heshima iko hapo.

Kuna jambo la zamani ambalo sisi watu wa chama hatupaswi kulisahau. Wakati wa ukoloni mwajiri alimpa kibarua posho, yaani unga wa kumtosha yeye peke yake, na mshahara mdogo juu yake. Mke, watoto na wazee walikuwa nyumbani, na ilidhaniwa kwamba shamba litawalisha. Mshahara wenyewe ulipimwa kwa mahitaji ya mwanamume asiye na mke. Haya si maneno yangu. Mwaka 1954 kamati ya Serikali yenyewe, iliyoongozwa na Bwana Carpenter, ilichunguza mishahara ya Waafrika ikaona hivyo, ikashauri kwamba mshahara wa chini upimwe kwa mtu mwenye jamaa. Na kamati hiyo haikuja hivi hivi. Miaka saba nyuma, Januari 1947, wafanya kazi wapatao 15,000 wa Mombasa, wakiwamo wa bandari na wa reli, walikuwa wameacha kazi kwa sababu mshahara haukutosha maisha.

Fikirini maana yake. Wale waliolipwa posho ya mtu mmoja ndio baba na babu zetu. Hawakuweza kuweka akiba, maana hakukuwa na cha kuweka. Wake zao walilima bila mshahara ili mwajiri apate kibarua wa bei rahisi. Mfuko wa NSSF ulianza mwaka 1965, na hata baada ya hapo vibarua wengi wa siku hawakuandikwa humo. Basi bibi kizee wa leo asiye na pensheni hakukosa pensheni kwa uvivu. Alikosa kwa sababu kazi yake haikuandikwa mahali popote. Nami naona kwamba shilingi 2,000 ni sehemu ndogo sana ya deni hilo.

Sasa niseme juu ya kuandikishwa, maana wengi wanakosa kwa kutojua.

Mpango wa Inua Jamii una sehemu tatu. Moja ni ya wazee. Ya pili ni ya nyumba zinazolea mayatima na watoto walio katika hatari. Ya tatu ni ya watu wenye ulemavu mkubwa. Kiasi ni shilingi 2,000 kwa mwezi, na kwa miaka mingi zililipwa miezi miwili pamoja, yaani shilingi 4,000. Kwa wenzetu ambao nyumbani kwao ni Turkana, Marsabit, Wajir au Mandera, uko mpango mwingine wa kuzuia njaa wakati wa ukame, unaosimamiwa na Mamlaka ya Kitaifa ya Kudhibiti Ukame. Huo huandika nyumba nzima bila kuangalia umri peke yake, na ukame ukizidi, nyumba nyingine huongezwa kwa muda.

Kwa sehemu ya wazee, kitu cha kwanza ni kitambulisho. Hapo ndipo wengi hujikwaa. Wazee wetu waliandikiwa mwaka wa kuzaliwa kwa kukisia, na karani alitazama uso akaandika. Wako wazee wa miaka 74 ambao kwa kitambulisho wana miaka 66. Ndugu, ukienda nyumbani mwezi huu, chukua kitambulisho cha mzazi wako ukisome. Usingoje siku ya kuandikishwa. Kama mwaka umekosewa, anza mapema kuuliza namna ya kusahihisha, na tafuta karatasi yoyote ya zamani, hasa cheti cha ubatizo kwa wale waliobatizwa wadogo. Kazi hiyo ina safari nyingi, na mzee peke yake hataiweza.

La pili, mwenye kupata pensheni ya Serikali hahesabiwi katika mpango huu. Nalisema wazi kwa sababu sisi ni watu wa reli, na baadhi ya wazee wetu wana pensheni. Msiwafiche. Mwenye pensheni akijiandika kwa hila, nafasi aliyoichukua ni ya mjane asiye na kitu. Lakini wako wazee wengi waliofanya kazi ya njia kama vibarua miaka mingi na wakaondoka mikono mitupu. Hao wana haki. Kama huna hakika juu ya mzee wako, uliza kwa ofisi ya ustawi wa jamii au kwa chifu. Kuuliza si ujinga.

La tatu, kuandikishwa hakulipiwi. Mtu yeyote akikuomba kitu kidogo ili aandike jina, au akisema jina lilipotea na litapatikana kwa shilingi 500, jueni huyo ni mwizi. Vile vile mzee apokee fedha zake zote bila kukatwa. Tena asiache kitambulisho wala kadi yake kwa mwenye duka kama rehani ya sukari na majani ya chai. Nimeona mzee ambaye kadi yake ilikaa dukani karibu mwaka mzima, na mwenye duka ndiye aliyekuwa akijua pesa zimeingia lini. Kikulacho ki nguoni mwako.

La nne, ni habari ya vidole. Malipo mengi yamefanywa kwa alama za vidole kwenye mashine. Namjua mzee mmoja aliyekuwa kibarua wa njia, aliyepiga kokoto na kubeba mataruma tangu ujana wake. Hana pensheni hata senti. Aliandikishwa vizuri. Siku ya kulipwa aliweka kidole, mashine ikakataa. Akaweka kingine, ikakataa. Vyote kumi vilikataa, kwa sababu kazi ilikuwa imefuta alama zote, na vidole ni laini kama sabuni iliyotumika. Kijana mwenye mashine akamwambia, "Mzee, mashine haikutambui." Mzee akarudi nyumbani kwa miguu. Alirudi mara tatu, na mara zote tatu akaambiwa vile vile. Reli ilimtambua siku zote alipokuwa na nguvu, na sasa mashine haimtambui kwa sababu ya kazi ile ile aliyoifanyia reli.

Dawa yake ilikuwapo, ila hakuna aliyemwambia. Mzee ana ruhusa kuandikisha mtu wa pili, anayeitwa mtunzaji, ambaye anaweza kupokea kwa niaba yake. Binti yake alipoandikishwa, malipo yakatoka. Basi mkimwandikisha mzee, mwulize palepale juu ya mtunzaji, na mchague mtu mwaminifu anayekaa karibu, si kijana wa mjini anayerudi Krismasi. Tena, Serikali ikiitisha wazee wahakikishwe kwamba wangali hai, wapelekeni. Mzee asiyeonekana huhesabiwa kuwa amekufa, na malipo husimama.

Sasa nageukia chama chetu, maana sipendi tuseme tu juu ya makosa ya wenye kupokea.

Shilingi 2,000 kwa mwezi ni karibu shilingi 67 kwa siku. Mwezi wa Mei 2017, Serikali ilipoweka ruzuku, pakiti ya unga ya kilo mbili iliuzwa shilingi 90, na mzee aliweza kununua pakiti 22 kwa pesa zake za mwezi. Katikati ya mwaka 2022 pakiti hiyo ilipita shilingi 200, hata ikawa lazima ishushwe kwa muda mwezi wa Julai mpaka shilingi 100. Kwa bei ile ya zaidi ya 200, mzee hakufikisha pakiti kumi. Pesa ni zile zile na unga umepungua zaidi ya nusu.

Sasa tazameni upande wetu. Sikukuu ya Wafanya Kazi ya mwaka 2017 mshahara wa chini uliongezwa asilimia 18. Mwaka 2018 ukaongezwa asilimia 5. Mwaka 2022 ukaongezwa asilimia 12. Hatukuridhika, na hatukukosea. Lakini pesa za wazee zilikuwa 2,000 mwaka 2017, zilikuwa 2,000 mwaka 2022, na mama yangu alipoandikwa mwaka 2024 zilikuwa 2,000. Tena mara nyingi huja zimechelewa, miezi ikapita na mwenye duka akikataa kukopesha. Kwa nini sisi tumeongezwa na wao hawakuongezwa? Sababu ni moja. Sisi tuna chama, nao hawana. Mzee wa miaka 78 hawezi kugoma. Akigoma kula, nani atajua?

Wako watakaosema kwamba hiyo si kazi ya chama, kazi ya chama ni mishahara. Naomba niwajibu kwa habari niliyofundishwa misheni. Katika kitabu cha Matendo ya Mitume, sura ya sita, imeandikwa kwamba wajane wa upande mmoja walikuwa wakisahauliwa katika kugawa chakula kila siku, na manung'uniko yakatokea. Mitume walikuwa na kazi yao kubwa ya kuhubiri, na wangaliweza kusema jambo hili ni dogo. Hawakusema hivyo. Wala hawakuwaambia wajane waende wakaombe kwa majirani. Waliwaita watu wote, wakachagua watu saba wenye sifa njema, wakawapa kazi hiyo. Mimi kila nikisoma habari hii naona huo ulikuwa mkutano wa tawi hasa, na lile lilikuwa azimio.

Tena hili ni jambo la mishahara vile vile. Kila mmoja wetu hutuma nyumbani sehemu ya mshahara wake. Mzee akipata haki yake, mshahara wako umepata nguvu bila kuongezwa. Na akikosa, ni mshahara wako uliopunguzwa. Mwajiri akituona tumebanwa na njaa ya nyumba mbili, moja ya mjini na moja ya kijijini, anajua hatuwezi kusimama siku nyingi tukiacha kazi. Nguvu ya chama iko katika sufuria ya nyumbani.

Kwa hivyo naleta maombi matatu, na naomba yazungumzwe katika mikutano ya matawi.

La kwanza, kila tawi lichague watu wawili, mmoja awe mwanamke, wa kuwasaidia wanachama katika jambo hili. Kazi yao iwe kuandika majina ya wazazi wa wanachama na ya vibarua wa zamani waliokaa karibu na stesheni zetu, kujua nani ametimiza umri, nani ana shida ya kitambulisho, nani vidole vyake vimekataa. Kitabu kirefu cha mistari na kalamu vyatosha kuanzia. Hata watu saba hatuhitaji.

La pili, tunapopatana na waajiri juu ya masharti ya kazi, tuombe mfanya kazi apewe ruhusa ya siku mbili kwa mwaka kwenda kumwandikisha au kumhakikishia mzazi wake mzee, bila kukatwa mshahara. Yule ndugu yetu asiombe kwa kuinama kichwa.

La tatu, viongozi wetu wanaposimama mbele ya Serikali siku ya Mei Mosi, wasitaje mshahara wa chini peke yake. Waseme pia kwamba pesa za wazee zipimwe kwa bei ya unga, na zilipwe kwa tarehe inayojulikana, kama mshahara unavyolipwa. Na kitabu cha kuandikisha kisifungwe miaka sita. Mtu hutimiza miaka 70 kila siku, hangoji Serikali ifungue kitabu.

Najua hatutapata yote kwa mara moja. Wazee wetu wa mwaka 1947 hawakupata yote. Lakini ombi la kwanza halihitaji ruhusa ya mtu. Twaweza kulianza Jumapili ijayo katika mkutano wa tawi.

Mwisho, nisemeni na ninyi mliomcheka mwenzetu kando ya njia. Sina hasira nanyi, kwa kuwa nimekwisha sema nilikuwa mmoja wenu. Nawaomba jambo moja tu. Mwende nyumbani, na msimwulize mama kama ameshiba, maana atasema ameshiba. Ingieni jikoni mwenyewe, mfunue sufuria, mtazame mfuko wa unga, mwulize umetoka wapi. Baada ya hapo rudini tuzungumze juu ya aibu.

Mama yangu sasa hupokea pesa zake. Mara ya kwanza alipozipata alinunua unga pakiti mbili, akapeleka moja kwa yule jirani kabla hajapika. Aliponieleza kwa simu nilikaa kimya. Akaniuliza, "Baba, umekasirika tena?" Nikamwambia la, Mama, sikukasirika.

Umoja ni nguvu.

Wenu katika kazi,
Mtu wa Gengi